Curt Flood: Nyota aliyegoma kuuzwa

UKIULIZA ni nani alipigania haki ya mchezaji kuwa huru mkataba ukiisha, mashabiki wengi wa soka watamtaja Mbelgiji Jean-Marc Bosman, aliyeshinda kesi yake mwaka 1995. Kumbe robo karne nyuma, kwenye besiboli ya Marekani, kuna mtu alishatangulia mahakamani. Ila yeye alishindwa.

Curt Flood alizaliwa Houston, Texas, Januari 18, 1938, akakulia Oakland, California. Alitua St. Louis Cardinals mwaka 1958 na kudumu hapo misimu 12. Kazi yake ilikuwa kulinda nyuma katikati, kule mbali inakoangukia mipira ya juu. Mlinzi wa pale asipodaka, wapinzani wanakimbia na kuvuna pointi. Flood alikuwa anadaka kweli kweli. Msimu mzima wa 1966 hakufanya kosa hata moja, na alibeba tuzo ya Glavu ya Dhahabu mara 7 mfululizo, 1963 hadi 1969. Cardinals walitwaa ubingwa 1964 na 1967.

Siku iliyomwendea kombo ni mechi ya mwisho ya fainali za 1968 dhidi ya Detroit Tigers. Aliusoma vibaya mpira wa Jim Northrup, ukampita, Tigers wakapata pointi 2 na baadaye ubingwa.

Oktoba 1969 akapigiwa simu: amebadilishwa na wachezaji wengine, anakwenda Philadelphia Phillies. Hakuulizwa kama anataka. Enzi hizo mkataba ulikuwa na kipengele cha kumfunga mchezaji. Hata muda wake ukiisha, haendi popote mpaka klabu imuuze au imteme.

Flood akagoma. Wengi walimshangaa, maana alikuwa analipwa dola 90,000 kwa mwaka, pesa ndefu wakati ule. Kwake yeye mshahara mnono haukubadili kitu. Asiyeweza kuchagua pa kufanya kazi ni mali ya mtu. Desemba 24 alimwandikia Kamishna Bowie Kuhn akiomba asikilize ofa za klabu nyingine. Akakataliwa. Januari 1970 akafungua kesi.

Chama cha wachezaji kilisaidia gharama, lakini hakuna hata mchezaji mmoja aliyekuwa bado anacheza aliyekwenda kumtolea ushahidi. Miongoni mwa waliokwenda ni mkongwe Jackie Robinson, ambaye alishastaafu.

Msimu wa 1970 wote Flood hakucheza. Mwaka 1971 alijaribu kurudi na Washington Senators, akacheza mechi 13 tu, akaondoka zake kwenda kuishi Hispania. Juni 19, 1972 Mahakama Kuu ya Marekani ikamshinda kwa kura 5 dhidi ya 3.

Desemba 1975 msuluhishi Peter Seitz aliamua kwamba warushaji Andy Messersmith na Dave McNally wako huru. Kuanzia hapo mlango ukafunguka na mishahara ikapaa. Flood, akiwa na miaka 37, alikuwa ameshaacha kucheza, hivyo hakuonja hata senti ya uhuru huo.

Alifariki Los Angeles Januari 20, 1997 kwa saratani ya koo, akiwa na miaka 59. Mwaka uliofuata Bunge la Marekani lilipitisha sheria yenye jina lake, inayowapa wachezaji wa ligi kuu ulinzi wa sheria za ushindani, ule ule alioukosa mahakamani.