William Mackinnon (1823–1893): Maisha ya Mfanyabiashara wa Mvuke na Alama Zake Katika Pwani ya Mombasa

Utangulizi

Neno 'meli' ni la kawaida mno katika Kiswahili hivi kwamba ni nadra kwa mzungumzaji kuuliza lilikotoka. Asili yake ni neno la Kiingereza lenye maana ya barua za posta. Je, yawezekanaje chombo kikubwa cha chuma kipewe jina la barua kilizobeba badala ya jina la mtambo uliokiendesha? Sehemu kubwa ya jibu imo katika maisha ya Mskoti mmoja, William Mackinnon, ambaye jina lake lingali katika mji mdogo wa Mackinnon Road, kwenye njia ya reli itokayo Mombasa kuelekea Voi.

Makala haya yanasimulia maisha ya mfanyabiashara huyo kwa muhtasari. Tunashikilia kwamba mvuke ulimtajirisha Mackinnon baharini lakini ukamshinda barani, na kwamba pengo kati ya ahadi ya mvuke na utekelezaji wake lilijazwa kwa mabega ya watu. Watu hao hawakujengewa sanamu. Walichotuachia ni msamiati, nao ni urithi unaomhusu moja kwa moja mwanafunzi wa Kiswahili.

Uzawa na Ujana

Mackinnon alizaliwa mnamo Machi 1823 katika mji wa Campbeltown, magharibi mwa Uskoti. Alianza maisha ya kazi katika biashara ya duka la vyakula, kisha akahamia Glasgow, jiji ambalo wakati huo lilikuwa likijijengea sifa ya kuunda injini na vyombo vya chuma. Huko alifanya kazi katika ghala la hariri, na baadaye katika ofisi ya mfanyabiashara wa Kireno aliyekuwa na shughuli nchi za Mashariki.

Mnamo 1847 alisafiri hadi India na kuungana na Robert Mackenzie, rafiki yake wa tangu utotoni. Wawili hao waliunda kampuni ya Mackinnon, Mackenzie, iliyojishughulisha na biashara ya mwambao wa Ghuba ya Bengal. Mackenzie alifariki katika ajali ya meli mnamo 1853, na mzigo wa kuiendeleza kampuni ukamwangukia mwenzake.

Barua na Makaa ya Mawe

Mnamo 1856, Mackinnon alianzisha kampuni ya meli za mvuke kati ya Calcutta na Burma. Mnamo 1862 kampuni hiyo ilibadilishwa jina na kuitwa British India Steam Navigation Company, nayo ikaja kuwa miongoni mwa kampuni kubwa kabisa za meli katika Bahari ya Hindi.

Ili kuelewa mafanikio hayo, hatuna budi kuelewa tatizo la meli ya mvuke ya zama zile. Katika boila, maji huchemshwa hadi yakawa mvuke. Mvuke huo husukuma pistoni, na pistoni huzungusha rafadha. Chombo cha namna hiyo hakingoji upepo. Hata hivyo, kilikula makaa ya mawe kwa wingi, na kila tani ya makaa iliyopakiwa iliondoa nafasi ya tani moja ya bidhaa. Safari ndefu basi zilikuwa za hasara. Mackinnon alilitatua tatizo hili kwa kutafuta mikataba ya kubeba barua za serikali. Malipo ya barua yalikuwa ya uhakika, meli iwe imejaa au tupu, nayo yalifidia gharama ya makaa.

Mambo mawili zaidi yalimfaa. Kwanza, katika miaka ya 1860 ilienea injini ya silinda mbili, ambamo mvuke uliokwisha kutumika katika silinda ya kwanza ulitumika tena katika ya pili, na hivyo makaa yakapungua. Pili, Mfereji wa Suez ulifunguliwa mnamo 1869, nayo njia ya kutoka Ulaya hadi Bahari ya Hindi ikafupika sana.

Meli Pwani ya Afrika Mashariki

Mwaka 1872 kampuni ya Mackinnon ilipata mkataba wa kubeba barua kila mwezi kati ya Aden na Unguja. Ikumbukwe kwamba kabla ya hapo maisha ya pwani yalipangwa na pepo mbili. Kaskazi ilileta majahazi kutoka Arabuni na India, kusi iliyarejesha. Nahodha aliyechelewa kung'oa nanga alilazimika kungoja msimu mwingine. Mkopo, ndoa, bei ya nafaka na urefu wa ziara ya mgeni vyote vilifuata kalenda hiyo. Meli ya barua iliingiza kalenda nyingine, ile ya tarehe. Mwenyeji wa Unguja, na baadaye wa Lamu na Mombasa, aliweza kuuliza siku ambayo meli ingefika na akajibiwa kwa idadi ya siku.

Katika muktadha huu, si ajabu kwamba chombo kikaitwa kwa jina la barua. Lililowagusa watu wa pwani ni kwamba kilikuja kwa ahadi. Majahazi nayo hayakutoweka. Yaliendelea kuingia katika Bandari ya Kale ya Mombasa, mkabala na bara la Kisauni, kwa miongo mingi iliyofuata. Lakini barua, abiria wenye uwezo na bidhaa za thamani zilianza kuhamia kwenye meli.

Kutoka Baharini Hadi Barani

Laiti Mackinnon angaliridhika na bahari, huenda asingalijulikana sana nchini Kenya. Mnamo 1877 aliomba kwa Sayyid Barghash, Sultani wa Unguja, haki ya kusimamia sehemu kubwa ya bara. Mazungumzo yakavunjika mwaka uliofuata. Mwaka huohuo wa 1877, yeye na wenzake walianza kujenga barabara kutoka Dar es Salaam kuelekea Ziwa Nyasa. Barabara hiyo iliachwa kabla ya kufika mbali.

Miaka 10 baadaye, Mei 1887, Sultani huyo alikubali kuwakodisha Waingereza mwambao wake ulioanzia mto Umba hadi Kipini. Mnamo Septemba 1888 kampuni ya Imperial British East Africa ilipewa hati ya kifalme, Mackinnon akiwa mwenyekiti na Mombasa makao yake makuu.

Kampuni ilijikuta mara moja katika mgogoro wa utumwa. Watumwa wengi walikuwa wametoroka kwa mabwana zao na kukimbilia katika kituo cha wamisionari cha Rabai, nyuma ya Changamwe. George Mackenzie, mwakilishi wa kampuni Mombasa, aliwalipa mabwana hao fidia, na Januari 1889 wakimbizi zaidi ya 1,400 wakapewa hati za uhuru. Tendo hilo liliisifisha kampuni Uingereza. Lakini ikumbukwe kwamba lilikuwa uhuru wa kununuliwa, na kwamba utumwa wenyewe haukufutwa kisheria katika ukanda huu wa pwani hadi 1907.

Mwaka 1890 kampuni ilianza kujenga reli nyembamba kwenye bara linalokabili kisiwa cha Mombasa. Jina lake lilikuwa kubwa: Reli ya Afrika ya Kati. Urefu wake haukuzidi maili 7, yaani kilomita 11 hivi, fedha zikakauka. Baadaye vyuma vyake viling'olewa na kutandikwa kisiwani, vikawa njia ya vigari vya abiria vilivyosukumwa kwa mikono ya watu. Hapa ndipo ilipo kejeli ya historia hii: reli iliyokusudiwa kumpumzisha mpagazi iliishia kumgeuza mtu kuwa injini.

Sababu ya kushindwa haikuwa uvivu wa Mackinnon. Baharini njia ni ya bure na maji yamejaa kote. Barani kila hatua hudai taruma, daraja na chuma, na injini hudai maji matamu ambayo Nyika ya Taru haina. Hakuna barua ambazo zingetosha kulipia gharama hizo. Kampuni iliendelea kutegemea misafara. Kwa kukadiria mzigo wa kilo 30 kwa kila mpagazi, tani moja ilihitaji watu zaidi ya 33, nao walitembea kwa miezi.

Kifo Chake na Yaliyofuata

Mackinnon alifariki London mnamo Juni 1893, kampuni yake ya Afrika Mashariki ikiwa taabani. Ililipwa pauni 250,000 kwa haki na mali zake, na tarehe 1 Julai 1895 serikali ya Uingereza ikatwaa utawala.

Serikali ndiyo iliyojenga reli aliyoitamani. Taruma za kwanza zilitandikwa Mombasa mwaka 1896. Daraja la muda la mbao likavuka mkondo wa Makupa, na reli ikaingia Changamwe. Wafanyakazi 31,983 waliletwa kutoka India, na karibu 2,500 kati yao walipoteza maisha. Reli ilifika Nairobi mwaka 1899 na Kisumu Desemba 1901.

Kisa cha stima iliyopewa jina lake kinafaa kutajwa. William Mackinnon iliundwa Uskoti mwaka 1890, ikafunguliwa vipande vipande na kuletwa Mombasa ili ipelekwe Ziwa Viktoria. Kwa kuwa reli haikuwa imefika ziwani, vipande vyake vilibebwa na wapagazi sehemu ya safari. Ilishushwa majini Kisumu mwaka 1900, miaka 10 baada ya kuundwa. Mvuke ulifika ziwani kwa miguu.

Athari Katika Lugha

Kabla ya 'meli', Waswahili walikuwa na 'merikebu', neno lenye asili ya Kiarabu, na chombo kipya kikaelezwa kuwa merikebu ya moshi. Treni nayo ikaitwa 'gari la moshi'. Mvuke, ambao ndio nguvu yenyewe, umefichika ndani ya chuma. Moshi ndio ulioonekana kutoka mbali. Msemaji alikipa kitu jina kwa kile alichokiona au alichonufaika nacho.

Neno 'stima' lina safari ya ajabu zaidi. Awali lilimaanisha chombo cha mvuke. Nchini Kenya limehamia kwenye umeme, kiasi kwamba mkazi wa Likoni husema stima zimepotea pasipo kufikiria chombo chochote, ilhali mwenzake wa Tanzania husema umeme umekatika. Injini za mvuke ziliondolewa katika reli ya Kenya kufikia miaka ya 1980, na tangu 2017 treni za dizeli za reli mpya huanzia Miritini. Neno limeishi kuliko mtambo.

Hitimisho

Mgala muue na haki yake mpe. Mackinnon alikuwa na jicho la kuona kwamba barua ingeweza kulipia makaa, nayo pwani yetu ikafungamana na dunia kwa ratiba. Papo hapo, kampuni yake ndiyo iliyofungua mlango wa ukoloni, na kila mahali mvuke uliposhindwa, gharama ilibebwa na wapagazi na vibarua wasiotajwa majina.

Tunawahimiza watafiti chipukizi wa Kiswahili wawaendee wazee wa Changamwe waliofanya kazi katika reli enzi za mvuke, wakusanye majina waliyoyatumia kwa sehemu za injini, kwa kazi zao na kwa hatari zake. Wanaoyakumbuka wanapungua kila mwaka, na mengi ya majina hayo hayajaingia katika kamusi zetu.