Stuart Gilmore na Uhariri wa Filamu ya Hatari!

Inapotajwa filamu ya Hatari!, iliyopigwa Arusha na kandokando ya Mlima Meru kati ya mwisho wa mwaka 1960 na mwanzo wa 1961, aghalabu hukumbukwa John Wayne aliyeigiza na Howard Hawks aliyeongoza. Stuart Gilmore, aliyeihariri, hatajwi. Makala haya yanamwangalia yeye.

Gilmore alizaliwa mwaka 1909 katika jimbo la Utah, Marekani. Umahiri wake ulidhihirika mwanzoni mwa miaka ya 1940, alipohariri tamthilia za kuchekesha za Preston Sturges, zikiwemo The Lady Eve na Sullivan's Travels. Humo wahusika hujibizana kwa kasi. Mkato ukichelewa kidogo tu, kicheko kimepotea. Mwaka 1946 aliongoza filamu yake mwenyewe, The Virginian, na baadaye nyingine chache, lakini uongozi haukumpatia sifa kubwa, naye akarejea kwenye meza ya uhariri. Kwa kuhariri The Alamo ya mwaka 1960, iliyoongozwa na huyo huyo Wayne, alipendekezwa kuwania tuzo ya Oscar.

Ndipo ikaja Hatari!, na hapa hatuna budi kukaa kidogo. Hawks alikwenda Tanganyika bila mswada uliokamilika. Aliwapiga picha waigizaji wakiwakamata wanyama wao wenyewe, bila ya watu wa kuwawakilisha, na mwandishi Leigh Brackett alilazimika kuisuka hadithi kufuatana na yale yaliyopatikana porini. Kifaru mmoja aliponyoka kwelikweli. Tukio hilo la kumkamata upya likaachwa ndani ya filamu. Maonyesho ya ndani ya nyumba, kwa upande mwingine, yalipigwa studio huko Hollywood. Kwa hiyo vumbi la mbuga za Arusha lilipaswa kuungana na kuta zilizojengwa California, na mtazamaji asiushuku mshono. Wahakiki wetu wa fasihi simulizi wanalijua tatizo hili: fanani mwenye visa vingi na kiunzi kimoja chembamba. Kwa maoni yetu dakika 157 ni nyingi mno, na mazungumzo ya jioni yanalegea. Lakini mbio za magari na wanyama hazilegei hata kidogo, na huko ndiko mkono wa Gilmore unakohisika.

Filamu ilitoka mwaka 1962, Tanganyika ikiwa imekwisha kuwa huru. Pendekezo la Oscar lilikwenda kwa mpiga picha, Russell Harlan. Mhariri hakupendekezwa.

Gilmore aliendelea na Hawaii (1966) na Thoroughly Modern Millie (1967), kisha akapendekezwa mara ya pili kwa Airport ya mwaka 1970. Alifariki Novemba 1971. Miezi michache baadaye jina lake, pamoja na la John W. Holmes, lilisomwa tena miongoni mwa wawaniaji, safari hii kwa The Andromeda Strain. Tuzo ilikwenda kwa mwingine.