Gregory na Bonde la Ufa

Mawe yachongwayo Thika na Ruiru kwa kujengea nyumba asili yake ni volkeno. Miongoni mwa wa kwanza kuichunguza ardhi hii kwa elimu ni John Walter Gregory, aliyezaliwa London mwaka 1864. Eduard Suess wa Vienna alikwisha kuandika mwaka 1891 kwamba bonde letu kuu lilititia kwa kupasuka ardhi. Lakini alitegemea habari za wasafiri, mwenyewe hakufika. Gregory hakutosheka na kusikia. Mwaka 1893 alitoka pwani pamoja na wapagazi (ambao sifa zao ni haba vitabuni) hadi Baringo, akalinganisha tabaka za mawe kutani mwa bonde, akathibitisha kuwa ardhi ya kati imeshuka. Alirudi mwaka 1919. Alikufa maji mtoni Urubamba, Peru, mwaka 1932, angali katika uchunguzi.