MICHE SABA YA PROFESA WANGARI

Mlezi wa chama aliponiambia niandike maisha ya mtu mashuhuri aliyekwisha fariki, wenzangu walidhani nitamchagua mshairi wa hapa hapa Mombasa. La. Nimemchagua mwanamke wa Nyeri, na sababu ni mche wangu uliokufa. Nitaueleza mbele.

Marehemu Profesa Wangari Maathai alizaliwa tarehe 1 Aprili 1940 kijijini Ihithe. Karibu na kwao palikuwa na mti mkubwa uitwao mugumo, na mama yake alimkataza kuokota kuni zake kwa kuwa ulikuwa mti wa Mungu. Jirani yake kilitoka kijito. Wangari mdogo alikuwa akichezea mayai ya vyura humo majini, akitaka kuyavaa shingoni kama shanga, nayo yakimponyoka. Nadhani biolojia yake ilianzia hapo, si darasani.

Baada ya kusoma Loreto Limuru, mwaka 1960 alikwenda Marekani. Alipata digrii ya biolojia Kansas mwaka 1964, na ya pili Pittsburgh mwaka 1966. Akarudi Nairobi akiwa ameahidiwa kazi chuo kikuu. Kufika, kazi amepewa mtu mwingine! Mwenyewe aliamini ni kwa sababu ya uke wake na kabila lake. Baadaye alipata nafasi katika anatomia ya mifugo, na mwaka 1971 akawa mwanamke wa kwanza Afrika Mashariki na ya Kati kupata shahada ya udaktari wa falsafa. Wasichana mnaotaka kuikimbia biolojia, mpo?

Siku moja utafiti ulimpeleka mashambani kukusanya kupe wanaoambukiza ng'ombe maradhi. Kumbe aliyoyaona yalikuwa mazito kuliko kupe: mito imejaa udongo, ng'ombe mbavu nje, kuni hazipatikani. Na kule kwao mugumo ulikuwa umekatwa kupisha chai, kijito nacho kimekauka, maana mizizi mirefu ndiyo iliyokuwa ikiyafungulia maji njia. Sisi wa Mji wa Kale tusicheke. Dari zetu za zamani zimeshikwa na boriti za mikoko, na Mwembe Tayari leo ni matatu na mabasi, limebaki jina tu.

Tarehe 5 Juni 1977 alipanda miche saba katika uwanja wa Kamukunji, Nairobi. Mitano ikafa. Hapo ndipo nilipompenda! Mimi nilipanda mwarobaini, nikapigwa picha, nikaenda zangu likizo. Niliporudi nilikuta kijiti. Nilisingizia mbuzi, lakini ukweli sikuumwagia maji hata kopo moja. Yeye aliendelea. Kina mama wa vijijini wakakuza miche wenyewe, na wakalipwa pesa kidogo kwa kila mche ulioshika, si kwa kila mche uliopandwa. Kwa mpango huo vuguvugu lake la Green Belt lilipanda miti zaidi ya milioni 30 kufikia mwaka 2004.

Mwaka 1989 serikali ilitaka kujenga jumba la ghorofa 60 ndani ya Uhuru Park, Nairobi. Aliandika barua kila mahali akipinga. Bungeni walimcheka, na vuguvugu lake likafukuzwa ofisini likahamia nyumbani kwake. Jumba halikujengwa. Mwaka 1992 alifunga kula pamoja na akina mama waliodai wana wao waliofungwa kwa siasa, akapigwa na polisi hadi akazirai. Januari 1999 alipasuliwa kichwa kwa kuutetea msitu wa Karura. Nikikumbuka kwamba mimi nilishindwa na kopo la maji, naona haya.

Mwaka 2002 alichaguliwa mbunge wa Tetu, na mwaka 2004 akapata Tuzo ya Amani ya Nobel, mwanamke wa kwanza wa Afrika.

Alifariki tarehe 25 Septemba 2011 kwa saratani. Alikuwa ameusia asizikwe katika jeneza la mbao, basi likatengenezwa la mianzi, mafunjo na magugu-maji, kisha mwili ukachomwa. Nilipomsimulia nyanya yangu barazani, la kuchomwa hakulipenda hata kidogo. La jeneza alilikubali. Alisema kwetu jeneza ni la msikiti, linampeleka maiti makaburini na kurudi kumngojea mwengine, hakuna mti unaokatwa kwa ajili yake. Halafu akaniuliza kama mwarobaini wa pili nimeshaumwagia maji leo.