Mwalimu na Milki ya Magazeti

Katika miaka ya 1950, wananchi wa Mlalo na sehemu nyingine za Lushoto walipoukataa mpango wa kikoloni wa kuwalazimisha kulima kwa matuta, hawakuwa na gazeti la kuwasemea. Tanganyika Standard liliandikwa kwa Kiingereza, na wenye mali yake walikuwa Nairobi. Mambo Leo lilikuwa la serikali ile ile waliyoilalamikia.

Julius Nyerere, aliyezaliwa Butiama mwaka 1922 na kuacha ualimu Pugu mwaka 1955, aliutambua upungufu huo. Mwaka 1957 TANU ilianza kutoa Sauti ya TANU, karatasi chache tu za stensili. Mwaka uliofuata, makala yake juu ya mabwana shauri wawili ilimfikisha mahakamani kwa kosa la kashfa, akahukumiwa faini ya shilingi 3,000 au kifungo cha miezi 6. Alilipa.

Basi mtu huyu aliijua kizimba. Ndiyo maana tendo lake la tarehe 5 Februari 1970 lastahili kupimwa kwa makini. Siku hiyo alilitaifisha Standard, lililokuwa mali ya Lonrho, kampuni ya London, naye Rais mwenyewe akawa mhariri mkuu kwa cheo. Uendeshaji alimkabidhi Frene Ginwala wa Afrika Kusini, pamoja na hati iliyoliruhusu gazeti kuikosoa serikali. Hatuna shaka kwamba nia ilikuwa njema. Gazeti la taifa kuwa chini ya tajiri wa ng'ambo lilikuwa jambo la aibu.

Lakini mwaka 1971 gazeti lilimshutumu Numeiri wa Sudan kwa kuwanyonga wapinzani wake, na Ginwala akaondolewa. Hati ilibaki karatasi. Tarehe 26 Aprili 1972 Standard liliunganishwa na Nationalist la chama, likazaliwa Daily News. Mwaka 1976 ikatungwa Sheria ya Magazeti, iliyompa waziri uwezo wa kulifungia gazeti lolote, na mwaka huo huo Ngurumo, la mtu binafsi, likafa. Msomaji wa Lushoto aliyetaka gazeti la kila siku kwa Kiswahili akabaki na Uhuru la chama peke yake.

Mwalimu aliacha urais mwaka 1985, akafariki London tarehe 14 Oktoba 1999. Machi 1995 alizungumza na waandishi wa habari katika hoteli ya Kilimanjaro, Dar es Salaam, akawakosoa viongozi waliokuwa madarakani bila kumung'unya maneno. Miongoni mwa magazeti ya wakati huo yalikuwamo ya watu binafsi, ambayo chini ya utawala wake yasingalipata nafasi ya kuchapwa.