Dadasaheb Phalke na Mche wa Njegere

Wengi wetu tuliokulia jirani na mandir hii tulizipokea habari za Rama na Krishna kwanza vinywani mwa bibi zetu, kisha katika senema. Njia hiyo ya pili ilifunguliwa na Dhundiraj Govind Phalke, maarufu Dadasaheb, aliyezaliwa Trimbak, karibu na Nashik, tarehe 30 Aprili 1870.

Nasi Wagujarati tuna haki kidogo ya kumdai, kwani alisoma Kala Bhavan, Baroda, akafungua studio ya picha Godhra. Huko tauni ikamnyang'anya mke na mtoto.

Akiwa na umri wa miaka 40, aliona Bombay filamu ya maisha ya Yesu, na tangu hapo hakutulia mpaka Krishna naye aonekane vivyo hivyo. Akaweka rehani bima yake ya maisha, akaenda London mwaka 1912, akarejea na kamera.

Fedha za kutengenezea filamu hakuwa nazo. Basi akaotesha njegere chunguni, akauelekezea kamera mche ule, akawa anaupiga picha kidogo kidogo kwa zaidi ya mwezi. Picha zilipoendeshwa mfululizo, mbegu ilichipua na kutambaa mbele ya watazamaji kwa muda mfupi tu. Sisi wafanyabiashara tunaielewa hila hiyo: mwenye fedha hakuonyeshwa ahadi, alionyeshwa mali ikiota. Mkopo ukapatikana.

Vito vya mkewe wa pili, Saraswatibai, navyo vikauzwa. Bibi huyo aliwapikia waigizaji wote, akatoboa matundu ya utepe wa filamu, akashika shuka jeupe juani ili mwanga urudi usoni mwa mwigizaji. Tuzo kuu ya senema ya India, iliyoanzishwa 1969, ina jina la mume peke yake. Kwa maoni yetu, hesabu hiyo haijakamilika.

Raja Harishchandra, habari za mfalme aliyepoteza ufalme, mke na mwana kwa kushika neno lake, ilionyeshwa kwa umma Bombay tarehe 3 Mei 1913. Hakuna mwanamke aliyekubali kuigiza, hivyo malkia akawa Salunke, mwanamume mpishi wa mkahawani. Katika Lanka Dahan, 1917, huyohuyo alikuwa Rama na Sita pia! Mwaka 1919 Mandakini, bintiye Phalke, akawa Krishna mdogo katika Kaliya Mardan.

Senema za sauti zilipoingia, Phalke alitengeneza moja tu, Gangavataran, mwaka 1937. Alifariki Nashik tarehe 16 Februari 1944, akiwa hana mali.