Bibi Marie Dressler, Mchezaji wa Senema

Marie Dressler alizaliwa tarehe 9 Novemba, 1868, katika mji wa Cobourg, nchi ya Kanada. Jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa Leila Koerber. Alipokuwa msichana wa miaka 14 hivi aliondoka kwao, akafuatana na kundi la wachezaji waliozunguka mji kwa mji. Hakuwa na sura ya kusifiwa, na mwili wake ulikuwa mkubwa. Lakini alijua sana kuchekesha watu, na kwa kazi hiyo akapata sifa nyingi huko New York. Mwaka 1914 alicheza senema pamoja na Charlie Chaplin.

Mwaka 1919 wachezaji wa thieta za New York waligoma. Wasichana wa kuimba na kucheza ngoma walikuwa wakifanya mazoezi majuma mengi bila ya kulipwa. Bibi Marie, ingawa alikuwa na jina kubwa, alisimama upande wao, akawa rais wa chama chao. Mgomo ulifaulu, lakini miaka iliyofuata kazi zake zilipungua. Alikuwa amepita miaka 50, na wenye kazi walitaka nyuso za vijana.

Aliyemfungulia mlango alikuwa mwanamke mwenzake, Frances Marion, mtungaji wa senema. Walijuana tangu Frances alipokuwa kijana mwandishi wa gazeti. Frances hakumwombea rafiki yake sadaka, alimtungia kazi. Mwaka 1927 Marie akarudi katika senema, na mwaka 1930 akaonekana katika Anna Christie pamoja na Greta Garbo. Mwaka huo huo, katika Min and Bill, alicheza kama mama mwenye hoteli bandarini aliyemlea msichana asiye wake. Kwa kazi hiyo alipewa tuzo la Oscar tarehe 10 Novemba, 1931, siku moja baada ya kutimiza miaka 63.

Mwaka 1932, na tena 1933, wenye majumba ya senema ya Marekani walimtaja kuwa ndiye aliyewaletea watazamaji wengi kuliko wachezaji wote, wanaume kwa wanawake. Alikufa kwa ugonjwa wa saratani tarehe 28 Julai, 1934.

Basi waliomkataa Bibi Marie kwa uzee wake hawakuwa watazamaji, bali wenye kutoa kazi. Na mlango ule haukubaki wazi kwa wote waliomfuata. Jessica Tandy wa Uingereza alipata tuzo hilo mwaka 1990 akiwa na miaka 80, na Michelle Yeoh wa Malaysia mwaka 2023 akiwa na miaka 60. Lakini hata leo wanawake wa umri huo hutungiwa hadithi chache kuliko wanaume. Wazee wetu husema utu uzima dawa. Ni kweli, lakini dawa iliyofungiwa sandukuni haimponyi mtu.